Thumuni Iliyogeuka Tusui: Kujumlisha Sehemu Zenye Asili Tofauti

Wapenzi wasomaji, katika matoleo yaliyopita tumezoea kuzungumza nanyi kuhusu ngeli, methali, utungaji wa insha na matatizo ya tafsiri. Safari hii tunaomba ruhusa ya kuingia katika shamba la jirani, yaani somo la hisabati. Hatuingii kwa kupenda makuu. Tumelazimika, na baada ya kusoma makala haya tunatumaini mtakubaliana nasi kwamba mpaka kati ya shamba letu na la jirani si mkubwa kama tunavyodhani.

Ilikuwa hivi. Siku moja mama mmoja alifika katika idara yetu akiwa na karatasi mbili mkononi. Mumewe alikuwa akifanya biashara Mombasa na huko ndiko alikofariki. Alimwachia mama huyo mabinti wawili, na wazazi wa marehemu wote wawili walikuwa bado hai. Mzee mmoja aliyesomea elimu ya mirathi ya Kiislamu aliandika mgawanyo wa mali kwa Kiswahili, na mama, ambaye Kiswahili chake ni cha sokoni tu, alimlipa mtu mjini amtafsirie. Tafsiri ilimwambia kwamba fungu lake ni nusu. Mali yote ilikuwa shilingi za Kenya 2,700,000, kwa hiyo alitarajia shilingi 1,350,000. Alizopewa ni shilingi 300,000. Alikwisha kuamua kwenda kuwashtaki wakwe zake. Alitujia kutaka muhuri wa idara kwenye tafsiri ile, basi.

Tuliisoma karatasi ya kwanza. Iliandikwa: mjane thumuni, baba sudusi, mama sudusi, mabinti theluthi mbili. Karatasi ya pili ilisema: mjane tusui moja, shilingi 300,000. Neno nusu halikuwamo popote. Hapo ndipo tulipoona aibu yetu. Tulikuwa walimu wanne chumbani. Wote tulijua kwamba thumuni si nusu, lakini wawili hatukuweza kusema papo hapo tusui ni nini, na mmoja wetu alipojaribu kujumlisha mafungu yale kwenye ubao, alijumlisha juu kwa juu na chini kwa chini, akapata 5/23. Makala haya ni matokeo ya mchana ule.

1. Majina ya sehemu

Kiswahili kina majina maalumu ya sehemu kuanzia nusu hadi sehemu ya kumi. Majina haya yametoka katika Kiarabu, na Kiarabu chenyewe pia huishia kwenye kumi. Kupita hapo hutumia maelezo marefu zaidi. Majina ni haya:

1/2 nusu
1/3 theluthi (Kenya husemwa pia thuluthi)
1/4 robo
1/5 humusi
1/6 sudusi
1/7 subui
1/8 thumuni
1/9 tusui
1/10 ushuri

Wanafunzi wetu wengi huyajua ya juu matatu tu, nusu, theluthi na robo, na yaliyobaki huyaona kama msitu. Lakini ufunguo wa msitu huo wanao tayari, maana wanajua kuhesabu makumi. Sikilizeni: thelathini na theluthi, arobaini na robo, hamsini na humusi, sitini na sudusi, sabini na subui, themanini na thumuni, tisini na tusui. Kila jozi imetoka katika mzizi mmoja wa Kiarabu. Ishirini na ushuri nayo ni jozi, ila hii ina hitilafu kidogo, kwa kuwa mzizi wake ni ule wa kumi. Neno ushuru, tunalolisikia kila tuvukapo mpaka Busia au Malaba, limetoka katika mzizi huo huo wa sehemu ya kumi. Mwanafunzi akishikilia jozi hizi, hatababaika tena.

Tahadhari moja inahitajika juu ya thumuni. Katika Kenya na Tanzania neno hili, ambalo wengi hulitamka sumni, lilikuwa jina la sarafu ya senti 50. Luganda nayo ina sumuni kwa maana hiyo hiyo. Senti 50 ni nusu ya shilingi. Bila shaka hapo ndipo mtafsiri wa yule mama alipoteleza: alisikia thumuni, akakumbuka sarafu, akaandika nusu. Katika sarafu neno lilibaki kuwa jina tu, lakini katika hesabu na mirathi thumuni ni sehemu moja ya nane, si zaidi wala si pungufu. Kwa mama huyu, kosa hilo la neno moja lilikuwa na thamani ya zaidi ya shilingi milioni moja.

Sehemu zisizo na jina maalumu husomwa kwa maelezo. Kwa mfano, 5/24 tunaweza kusema sehemu tano za ishirini na nne, au tano juu ya ishirini na nne. Njia zote mbili zinaeleweka. Muhimu ni mwalimu achague moja na kuishikilia darasani.

2. Kinachotaja na kinachohesabu

Katika vitabu vya hisabati vya Tanzania, ambako shule za msingi za serikali zimefundisha kwa Kiswahili tangu mwishoni mwa miaka ya 1960, namba ya juu ya sehemu huitwa kiasi na namba ya chini huitwa asili. Katika 2/3, kiasi ni 2 na asili ni 3. Hapa kwetu Uganda, kama ilivyo Kenya, hisabati hufundishwa kwa Kiingereza, hivyo istilahi hizi hazijulikani sana. Tunapendekeza walimu wazitumie, kwa sababu zinaeleza kazi ya kila namba.

Asili hutaja jina la kitu: ni kitu cha namna gani, kimekatwa vipi. Kiasi huhesabu: vitu hivyo ni vingapi. Mtu wa lugha analiona jambo hili upesi kuliko mtu wa hesabu. Tunaposema theluthi mbili, theluthi ni nomino na mbili ni kivumishi cha idadi. Theluthi ni nomino ya ngeli ya I-ZI, nayo hutawala upatanisho kama nomino nyingine: theluthi moja ya shamba imelimwa, theluthi mbili za shamba zimelimwa. Ni sawasawa na kusema nyumba moja imejengwa, nyumba mbili zimejengwa. Hata Waganda wanaposema asilimia kwa ebitundu kadhaa ku buli kikumi, wanahesabu vipande na kutaja vipande hivyo vimetoka wapi.

Jambo hili likieleweka, sheria ya kujumlisha inajitokeza yenyewe. Nyumba mbili na nyumba tatu ni nyumba tano. Humusi mbili na humusi moja ni humusi tatu. Hapana anayebadilisha jina la kitu kwa sababu tu vitu vimeongezeka. Kwa hiyo 2/5 + 1/5 = 3/5; asili inabaki ile ile, viasi ndivyo vinavyojumlishwa.

Je, ng'ombe wawili na mbuzi watatu ni wangapi? Hatuwezi kusema ng'ombe watano, wala mbuzi watano. Lazima kwanza tutafute jina linalowakusanya wote, tuseme mifugo watano. Shilingi 5,000 za Uganda na shilingi 5,000 za Kenya nazo si shilingi 10,000, ingawa zote zinaitwa shilingi. Kila mfanyabiashara wa mpakani anajua kwamba ni lazima kwanza abadili fedha moja iwe sawa na nyingine, ndipo ajumlishe. Theluthi na robo ni fedha za nchi mbili.

3. Kosa la juu kwa juu

Kosa alilolifanya mwenzetu ubaoni ndilo kosa la wanafunzi wengi duniani. Hujumlisha kiasi na kiasi, asili na asili. Wakiulizwa 1/2 + 1/3 hujibu 2/5.

Jibu hili linaweza kuangushwa bila hesabu yoyote ngumu. Nusu ni sawa na 5/10, na 2/5 ni sawa na 4/10. Maana yake ni kwamba mtu alikuwa na nusu ya mkate, akaongezewa theluthi, akajikuta ana pungufu ya nusu. Amepewa kisha amepungukiwa! Mwanafunzi anayejizoeza kujiuliza swali hili, "Je, jibu langu ni kubwa kuliko kila nilichojumlisha?", atajikamata mwenyewe kabla mwalimu hajamkamata.

Ajabu ni kwamba mwanafunzi huyo huyo, akitumwa dukani, hakosei. Mwambie akuletee nusu kilo ya sukari na robo kilo nyingine, atakuambia kwamba zote pamoja ni robo tatu. Amefanya nini? Ameigeuza nusu kuwa robo mbili, kisha amehesabu robo moja, mbili, tatu. Amebadili 1/2 kuwa 2/4, akaongeza 1/4, akapata 3/4. Amejumlisha sehemu zenye asili tofauti bila kujua kwamba amefanya hivyo.

Saa nayo inatusaidia. Nusu saa na theluthi ya saa ni muda gani? Nusu saa ni dakika 30. Theluthi ya saa ni dakika 20. Jumla ni dakika 50, yaani 50/60, ambayo tukiirahisisha kwa kugawanya juu na chini kwa 10 tunapata 5/6. Dakika imekuwa jina la pamoja lililotuwezesha kuhesabu. Hiyo ndiyo asili ya pamoja.

4. Kutafuta asili ya pamoja

Sukari na saa zimetupatia asili ya pamoja bure. Pale ambapo hakuna mizani wala saa, tunaitafuta kwa kigawe kidogo cha shirika, kwa kifupi KDS. Kigawe cha namba ni namba inayopatikana kwa kuizidisha ile ya kwanza. Vigawe vya 4 ni 4, 8, 12, 16 na kuendelea. Kigawe kidogo cha shirika cha namba mbili au zaidi ni kile cha chini kabisa wanachoshirikiana zote. Mwalimu wa Kiswahili asilipite neno shirika hivi hivi. Limefanya kazi nzuri hapa.

Tuchukue 1/4 + 1/6. Hatua ni hizi.

Hatua ya kwanza, tafuta KDS cha asili zote. Vigawe vya 4 ni 4, 8, 12. Vigawe vya 6 ni 6, 12. Vinakutana kwenye 12.

Hatua ya pili, badili kila sehemu iwe na asili hiyo. Ili 4 iwe 12 tumezidisha kwa 3, hivyo kiasi nacho kizidishwe kwa 3: 1/4 = 3/12. Ili 6 iwe 12 tumezidisha kwa 2: 1/6 = 2/12. Sehemu haikubadilika thamani. Tumekata vipande vidogo zaidi na kwa hiyo tumepata vipande vingi zaidi, kama mtu anayevunja noti moja apate sarafu.

Hatua ya tatu, jumlisha viasi, asili ibaki: 3/12 + 2/12 = 5/12.

Hatua ya nne, tazama kama jibu linaweza kurahisishwa. 5/12 haiwezi, kwa kuwa hakuna namba zaidi ya 1 inayogawanya 5 na 12 zote.

Wengine hupenda kuzidisha tu asili kwa asili: 4 mara 6 ni 24. Si kosa; watapata 6/24 + 4/24 = 10/24, ambayo ikirahisishwa huwa 5/12. Wamefika mahali pale pale kwa njia ndefu. Asili zikiwa tatu au nne, njia hiyo huzaa namba kubwa zisizo na faida.

Kanuni hizi si mali ya taifa moja. Katika karne ya 7, mwaka 628, Brahmagupta wa India aliandika kanuni za hesabu za sehemu. Al-Khwarizmi, aliyeishi Baghdad katika karne ya 9 na ambaye kitabu chake ndicho kilichoupa ulimwengu neno aljebra, alitenga sehemu kubwa ya kitabu hicho kwa masuala ya wasia na urithi. Mstari tunaouchora kati ya kiasi na asili ulitumiwa na wanahisabati wa Maghreb katika karne ya 12, na Leonardo wa Pisa, maarufu kwa jina la Fibonacci, aliutumia katika kitabu chake cha mwaka 1202. Urithi na sehemu, kama mnavyoona, ni marafiki wa siku nyingi.

5. Karatasi ya yule mama

Sasa turudi kwa mgeni wetu. Katika mirathi ya Kiislamu baadhi ya warithi wana mafungu yaliyotajwa, nayo ni sita tu: nusu, robo, thumuni, theluthi mbili, theluthi na sudusi. Mjane ambaye marehemu ameacha watoto hupata thumuni. Baba na mama wa marehemu, akiwapo mtoto, hupata sudusi kila mmoja. Mabinti wawili au zaidi wasio na ndugu wa kiume hugawana theluthi mbili. Kwa hiyo karatasi ya kwanza iliandikwa sawasawa:

1/8 + 1/6 + 1/6 + 2/3

Tulitafuta KDS cha 8, 6 na 3. Vigawe vya 8 ni 8, 16, 24. Kati ya hivyo, 24 ndicho cha kwanza kinachogawanyika kwa 6 na kwa 3. Wanazuoni wa mirathi huiita namba hii asili ya mas'ala. Tazameni lugha inavyotukutanisha: wao wanasema asili, na kitabu cha hisabati cha shule ya msingi kinasema asili.

Mjane: 1/8 = 3/24
Baba: 1/6 = 4/24
Mama: 1/6 = 4/24
Mabinti: 2/3 = 16/24

Jumla: 27/24

Mama alitutazama. Tulijitazama. Jumla ilikuwa imepita moja nzima. Mali imegawanywa zaidi ya ilivyo!

Ubao haukutosha kumweleza, kwa hiyo mmoja wetu alileta maharagwe kutoka jikoni. Tulimhesabia mama maharagwe 24 mezani, tukamwambia kwamba hii ndiyo mali yote. Tukamwomba atoe fungu lake kamili, thumuni: akachukua 3. Akatoa sudusi ya baba mkwe: 4. Sudusi ya mama mkwe: 4. Kisha tukamwambia atoe theluthi mbili za mabinti zake, 16. Mezani yalibaki maharagwe 13. Alihesabu tena. Yalikuwa 13.

Hakusema neno kwa kitambo. Alikuwa ameona kwamba kama kila mtu angeshika jina la fungu lake bila kulegeza, wa mwisho kuchota ndiye angepungukiwa, na wa mwisho mezani pale walikuwa mabinti zake mwenyewe.

Jambo hili lilijulikana tangu karne ya kwanza ya Kiislamu, na wanazuoni wa Kisunni hulitatua kwa njia iitwayo auli, maana yake kupandisha asili. Viasi havibadilishwi: 3, 4, 4 na 16. Asili ndiyo inayopandishwa kutoka 24 hadi 27, ili mafungu yaenee. Tuliongeza maharagwe matatu mezani, yakawa 27, na mama akagawa tena. Safari hii kila mmoja alipata idadi yake na meza ikabaki tupu. Fungu la mama likawa 3/27, ambayo ni 1/9. Thumuni imekuwa tusui. Inasimuliwa kwamba Ali bin Abi Talib aliulizwa suala hili hili akiwa juu ya mimbari, akajibu hapo hapo kwamba thumuni ya mwanamke imegeuka tusui. Ndiyo sababu suala hili linajulikana kwa jina la mimbari.

Kwa fedha, hesabu ilikuwa hivi. Sehemu moja ya 27 ya shilingi 2,700,000 ni shilingi 100,000.

Mjane: 3 × 100,000 = 300,000
Baba: 4 × 100,000 = 400,000
Mama: 4 × 100,000 = 400,000
Mabinti: 16 × 100,000 = 1,600,000
Jumla: 2,700,000

Kama mafungu yangetolewa bila auli, mjane angedai 337,500, wazazi 450,000 kila mmoja, na mabinti 1,800,000. Jumla ingekuwa 3,037,500, fedha ambazo hazikuwapo. Mkilinganisha mtaona kwamba kila mrithi amepunguziwa tusui ya fungu lake: mjane 37,500, kila mzazi 50,000, mabinti 200,000. Hakuna aliyeonewa. Upungufu umegawanywa kwa kipimo kimoja.

Mama alikunja karatasi zake. Hakuomba muhuri tena. Aliomba tumwandikie kwa Luganda mstari mmoja mmoja wa hesabu ile, awasomee mabinti. Tuliandika. Wakati anaondoka alichukua na maharagwe yake matatu, akasema atayahitaji nyumbani kufundishia.

6. Njia nyingine ya kufika pale pale

Sheria ya Urithi ya Uganda, kama ilivyorekebishwa mwaka 2022, imechagua njia tofauti. Asiyeacha wasia akiacha mwenzi wa ndoa, wazao, jamaa waliomtegemea na mrithi wa kimila, mali hugawanywa hivi: mwenzi asilimia 20, wazao asilimia 75, jamaa wanaomtegemea asilimia 4, na mrithi wa kimila asilimia 1. Jumlisheni: 20 + 75 + 4 + 1 = 100. Hapa hakuna haja ya KDS, kwa sababu mtunga sheria amekwisha kuweka asili moja kwa wote. Hata neno lenyewe, asilimia, ndani yake tunasikia asili na mia.

Hatusemi kwamba njia moja ni bora kuliko nyingine. Hilo si la idara yetu. Tunachosema ni kwamba mwanafunzi anayejua kwamba 20/100 ni humusi moja na 75/100 ni robo tatu anaweza kusoma sheria zote mbili bila mkalimani, na anaweza kujua kama amepunjwa au hakupunjwa.

7. Mapendekezo kwa walimu

Kwanza, fundisheni majina ya sehemu pamoja na makumi. Dakika kumi zinatosha, na mwanafunzi atabaki nayo maisha.

Pili, msikubali mwanafunzi atafsiri jina la sehemu bila kuandika namba yake pembeni. Thumuni, 1/8. Tusui, 1/9. Kumbusheni pia kwamba asili ikikua, kipande hupungua. Wapo wanaodhani tusui ni kubwa kuliko thumuni kwa sababu tisa ni kubwa kuliko nane.

Tatu, tumieni sehemu katika zoezi la upatanisho wa kisarufi. Zinahitaji ngeli, zinahitaji kihusishi cha -a, na zinahitaji fikira.

Nne, ombeni msaada wa mwenzenu wa hisabati, nanyi mpeni istilahi. Kiswahili kimepewa nafasi ya lugha rasmi ya pili katika katiba yetu tangu mwaka 2005, na mwaka 2022 Baraza la Mawaziri liliamua kifundishwe kwa lazima katika shule za msingi na sekondari. Lugha inayofundishwa kwa wote haina budi kuweza kuhesabu mali ya mtu.

Zoezi

1. Jumlisha robo moja na theluthi moja.
2. Jumlisha theluthi mbili na humusi moja.
3. Mwanamke amefariki, ameacha mume (robo), mama (sudusi), binti mmoja (nusu), na kaka wa baba na mama mmoja anayechukua kinachobaki. Kaka atapata sehemu gani?
4. Mwanamke amefariki bila mtoto wala mzazi, ameacha mume (nusu) na dada wawili wa baba na mama mmoja (theluthi mbili). Asili itapandishwa hadi ngapi, na mume atapata sehemu gani?
5. Sahihisha: "Theluthi mbili ya shamba imelimwa."

Majibu

1. 3/12 + 4/12 = 7/12.
2. 10/15 + 3/15 = 13/15.
3. 3/12 + 2/12 + 6/12 = 11/12. Kinabaki 1/12, ndicho cha kaka.
4. 3/6 + 4/6 = 7/6. Asili inapandishwa kutoka 6 hadi 7, na mume anapata 3/7.
5. Theluthi mbili za shamba zimelimwa.

Wasomaji wapenzi, wahenga walisema haba na haba hujaza kibaba. Na pishi moja ni vibaba vinne, kwa hiyo kila kibaba ni robo ya pishi. Jazeni vyenu, tukutane katika toleo lijalo.